Chale za Kilosa, kalamu za wageni

Uwanda wa Mkata, ambao leo watalii huutazama kutoka kwenye magari ya wazi ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Mikumi, ulikuwa njia ya misafara zaidi ya miaka mia moja kabla hifadhi hiyo haijatangazwa mwaka 1964. Wapagazi kutoka pwani walikatiza hapo, wakafuata bonde la mto Mkondoa upande wa Kilosa, kisha wakapanda milima ya Usagara kuelekea Ugogo. Richard Burton na John Speke walipita mwaka 1857. Henry Morton Stanley akahangaika kwenye matope ya Mkata wakati wa masika ya 1871. Wazungu hao walitembea na madaftari, na madaftari hayo yakawa vitabu vilivyosomwa London na New York wakati waliosimuliwa humo hawakuwa na habari.

Burton ndiye aliyeikagua miili ya watu kwa bidii kuliko wenzake. Kitabu chake cha mwaka 1860 kuhusu maziwa ya Afrika ya Kati kinalieleza kila kabila kwa alama zake: Wazaramo wana chale ndefu mashavuni, kutoka sikioni kushuka hadi pembe ya mdomo, Wasagara wana ndewe zilizotobolewa na kupanuliwa kupita kiasi. Ni maelezo yenye thamani, kwa sababu hakuna aliyekuwa na kamera kwenye njia ile wakati huo. Lakini Burton alizisoma alama hizo kama mtu anayesoma lebo kwenye magunia ya forodhani. Hakuuliza mwenye mwili alijionaje baada ya kidonda kupona.

Swali hilo lina uzito mkubwa Kilosa. Wakaguru, Wasagara na Wavidunda, pamoja na jirani zao Waluguru, huhesabu ukoo kwa upande wa mama, na mtu alijulikana kwa ukoo huo kabla ya kujulikana kwa kabila. Chale hazikuwa alama ya kabila tu; zilikuwa na kazi nyingine nyingi. Kulikuwa na chale za urembo, za kinga na za tiba. Hizi za mwisho zingalipo: mganga huchanja mistari mifupi, mara nyingi miwili miwili, kifuani, kwenye paji la uso au penye viungo vinavyouma. Dawa iliyochomwa na kusagwa ikawa unga mweusi husuguliwa pale pale damu inapotoka. Kidonda kikifunga, unga hubaki chini ya ngozi, na mstari mweusi hukaa maisha yote. Msafiri aliyepita kwa siku mbili angeuona mstari huo na kuandika kwamba ni alama ya kabila, kumbe ni kumbukumbu ya homa ya utotoni.

Waliokaa muda mrefu zaidi walikuwa wamisionari wa Kianglikana wa shirika la CMS, waliofungua kituo Mamboya, kaskazini mwa Kilosa, karibu na mwaka 1880. J. T. Last wa kituo hicho alichapisha sarufi ya Kikaguru mwaka 1886. Lugha waliipenda. Jando na ngoma zake waliziona kama kikwazo.

Ilibidi kusubiri hadi mwaka 1957 ndipo alipokuja mtu wa kusikiliza. T. O. Beidelman, Mmarekani aliyesomea anthropolojia Oxford, aliishi Ukaguru na kurudi tena baada ya uhuru, na sehemu kubwa ya maisha yake ya kazi aliitumia kuandika juu ya Wakaguru. Kitabu chake cha mwaka 1997, The Cool Knife, yaani kisu baridi, kinahusu jando na unyago: nyimbo, vitendawili, mafumbo na mafundisho yanayoambatana na kukatwa. Kinachosisimua humo ni jinsi wazee wanavyoonekana kuwa watunzi. Kukata ni kazi ya muda mfupi sana. Lugha inayoizunguka ndiyo kubwa, na mwali au kijana hutakiwa kuibeba kichwani hadi uzeeni. Hapo kidonda kinakuwa somo, na mwenye mwili anakuwa na la kusema juu yake. Inasikitisha kwamba kitabu hicho kilitoka Washington, kwa Kiingereza cha wasomi, na wajukuu wa waliosimulia si rahisi kukipata Gairo wala Kilosa mjini.

Sanaa ya eneo hili haikuishia kwenye ngozi. Wazaramo, Wakwere, Waluguru na Wakaguru walichonga mwana hiti, kinyago kidogo kilichokaa na mwali akiwa ndani. Kiwiliwili chake ni kama mchi mfupi usio na mikono wala miguu. Kina matiti madogo na kitovu, na kichwani nywele zimesukwa zikagawanyika pande mbili. Umbo hilo hilo lilipanda hadi kwenye migongo ya viti vya wakuu na vichwa vya fimbo. Mwaka 1990 Marc Felix alichapisha kitabu kizima juu yake, kwa jina hilo hilo la Mwana Hiti. Ni kitabu kizuri cha picha, lakini vingi vya namna hiyo huwahudumia wakusanyaji wa Ulaya kwanza.

Halafu mkonge ukaja. Mjerumani Richard Hindorf aliuingiza Tanganyika mwaka 1893, na baadaye mashamba yakatanda Kimamba na sehemu nyingine za Kilosa. Manamba, yaani vibarua wa mkataba, waliletwa kutoka mbali, na katika mashamba ya mkonge nchini walikuwamo Wamakonde wa pande zote mbili za Ruvuma, watu ambao nyuso zao zilikuwa kazi ya fundi. Nembo za Wamakonde zilichanjwa kwa mistari inayovunjika pembe pembe, na fundi alirudia kukata pale pale hadi ngozi ikainuka. Wachongaji walizihamishia hata kwenye vinyago vya mapiko, wakizibandika kwa nta ya nyuki.

Mtu aliyezieleza nembo hizo mapema kwa kina alikuwa Karl Weule wa Leipzig, aliyezunguka Lindi, Newala na uwanda wa Makonde mwaka 1906, vita vya Maji Maji vikiwa vimepoa tu. Kitabu chake kilitoka kwa Kijerumani mwaka 1908, na mwaka uliofuata Alice Werner akakitafsiri kwa Kiingereza. Weule alikuwa na dharau za zama zake, nazo zinaonekana katika kurasa nyingi. Hata hivyo alifanya jambo moja ambalo Burton hakulifikiria: aliwapa wapagazi na wanakijiji karatasi na penseli. Michoro yao imo kitabuni, ikiwamo ya mnyampara wa Kinyamwezi aliyeitwa Pesa Mbili. Kwa mara moja waliokuwa wakichorwa wakawa wachoraji, na michoro hiyo ndiyo sehemu hai kuliko zote katika kitabu kile.

Na yuko mwandishi wa kwetu anayestahili kutajwa kwa heshima kuliko hao wote. Mtoro bin Mwinyi Bakari, mwenyeji wa Dunda karibu na Bagamoyo, ndiye mwandishi mkuu wa Desturi za Wasuaheli, kitabu kilichotolewa na Carl Velten mwaka 1903, kwa Kiswahili. Mimba, kuzaliwa, jando, unyago, mavazi na mazishi vinaelezwa humo na mtu aliyeyaishi. Huyu hakuwa anahesabu alama. Alikuwa anaeleza watu wake.

Leo mwili wa Kilosa bado unaandikwa, kwa mikono mingi zaidi. Wafugaji wa Kiparakuyo wamekuwa wilayani miaka mingi, na Wabarbaig walifuata baadaye, wakiwamo wanawake waliochanjwa duara la nukta kuzunguka macho. Bibi harusi hupakwa hina na piko hadi kwenye viwiko. Vijana huchorwa tatuu, majina ya watoto na ya marehemu, ingawa tangazo la ajira la Jeshi la Polisi huwaambia wazi kwamba mwombaji asiwe na alama ya kuchorwa mwilini. Chale zenyewe zilipungua baada ya UKIMWI kugundulika nchini mwaka 1983 na wananchi kuhimizwa kutochangia wembe.

Kitabu cha Kiswahili juu ya haya yote kingeweza kuandikwa sasa, na walimu na wanafunzi wa Kilosa na Mikumi wangeweza kukianza wakiwa na simu za mkononi tu. Waanzie kwenye kambi za zamani za mkonge Kimamba, kwa wazee wenye nembo usoni. Wamuulize kila mmoja jina la fundi wake, alilipwa nini, na nani alichagua mchoro.