Mhenga Kizimbani: Henry Odera Oruka na Kesi ya Mazishi ya 1987

Historia ya falsafa katika Chuo Kikuu cha Nairobi haiwezi kuandikwa pasipo kumtaja Henry Odera Oruka. Aghalabu jina lake huambatanishwa na mradi wa falsafa ya wahenga, na mradi huo umekwisha kujadiliwa kwa marefu na mapana. Hata hivyo, kuna kipindi kimoja cha maisha yake ambacho wahakiki wengi hukipitia kwa haraka. Mwanzoni mwa 1987 alisimama kizimbani akiwa shahidi mtaalamu wa mila za Waluo katika kesi ya mazishi ya wakili Silvanus Melea Otieno. Makala haya yanashikilia kwamba kipindi hicho si cha pembeni hata kidogo. Hapo ndipo mwanafalsafa aliyezoea kuuliza alipogeuzwa kuwa mwenye kuulizwa, na suala lililokuwa mezani, pamoja na mengine yote, lilikuwa upendo: je, mapenzi ya mume na mke yana uzito gani yanapopimwa na mila, na nani ana haki ya kuyasemea?

Oruka alizaliwa mwaka 1944 huko Ugenya, Nyanza. Katika miaka ya 1960 alikwenda Uppsala, Uswidi, ambako alianza na masomo ya sayansi kabla ya kuvutwa na falsafa chini ya Ingemar Hedenius, mwanafalsafa aliyesifika na kulaumiwa nchini humo kwa ukosoaji wake wa mafundisho ya kanisa. Alisoma pia katika Chuo Kikuu cha Wayne State, Detroit. Mwaka 1970 alianza kufundisha Nairobi, katika idara iliyounganisha falsafa na masomo ya dini. Falsafa ilipopata idara yake yenyewe mwaka 1980, yeye ndiye aliyekuwa mwenyekiti wa kwanza. Alama ya Uppsala haikumtoka: dai halisimami kwa sababu wazee walilishika, wala halianguki kwa sababu hiyo.

Msimamo huo ndio uliomtenga na waliomtangulia. Placide Tempels, katika kitabu chake cha 1945, na John Mbiti, katika kile cha 1969, waliieleza fikra ya Kiafrika kama mali ya jumuiya nzima, isiyo na mwandishi. Oruka aliikataa picha hiyo. Kuanzia 1974 yeye na wanafunzi wake waliingia vijijini wakiwa na vinasa sauti, wakawahoji watu waliosifiwa na majirani zao kwa hekima: juu ya Mungu, kifo, uhuru, furaha, usawa wa mwanamume na mwanamke. Katika majibu yao alitofautisha mhenga wa aina mbili. Wa kwanza ni hodhi la mila, anayeijua kikamilifu na kuisimulia bila ya kuihoji. Wa pili ni mhenga mfalsafa, ambaye huijua mila hiyohiyo kisha akaipima, akaikubali au kuikataa kwa hoja zake mwenyewe. Miongoni mwa hao wa pili alimweka Paul Mbuya Akoko, aliyewahi kuwa Ker wa Luo Union. Kitabu kilichokusanya mahojiano hayo, *Sage Philosophy*, kilitoka mwaka 1990. Kwa msomaji wa fasihi ni kitabu cha mazungumzo, na uzito wake umo katika maswali sawa na ulivyo katika majibu. Msomaji huyo atagundua pia kwamba sauti za wanawake humo ni chache mno.

Sasa tuitazame kesi. S. M. Otieno alifariki tarehe 20 Desemba 1986. Alikuwa wakili mashuhuri wa jinai jijini Nairobi, Mluo wa ukoo wa Umira Kager. Mkewe, Virginia Edith Wambui Waiyaki, alikuwa Mgikuyu wa ukoo wa Waiyaki wa Hinga, na aliyewahi kushiriki katika harakati za Mau Mau. Walifunga ndoa ya kiserikali Nairobi mwaka 1963, katika wakati ambapo ndoa ya makabila hayo mawili ilikuwa jambo la kuzungumzwa. Makazi yao yalikuwa Lang'ata, na walikuwa na shamba Upper Matasia, upande wa Ngong. Wambui alidai kwamba mumewe alitaka kuzikwa huko Matasia. Ukoo, ukiongozwa na Joash Ochieng' Ougo na Omolo Siranga, ulidai kwamba Mluo huzikwa kwa baba zake, yaani Nyalgunga, Siaya. Maiti ilisubiri mochari kwa zaidi ya miezi mitano.

Kesi ilisikilizwa katika jengo la Mahakama Kuu katikati ya jiji, jengo ambalo leo ni la Mahakama ya Juu, mwendo mfupi kwa miguu kutoka chuoni. Umati ulijaa nje. Magazeti yalichapisha maswali na majibu ya kila siku, na wakazi wa Nairobi waliyasoma kama watu wafuatao hadithi ya mfululizo. Kuna kejeli hapa ambayo mtunzi wa tamthilia asingethubutu kuibuni: marehemu, kwa ushahidi uliotolewa, alikuwa mpenzi wa Shakespeare na wa filamu za televisheni za Perry Mason, wakili asiyeshindwa. Wakili wa mjane, John Khaminwa, aliyatumia mambo kama hayo kuthibitisha kwamba Otieno aliishi maisha ya kisasa, nje ya mila. Hoja hiyo ilikuwa dhaifu kuliko ilivyoonekana. Kupenda Shakespeare hakumwondoi mtu katika ukoo wake, kama vile kutompenda hakumwingizi. Na kwa kuijenga kesi juu ya usasa, upande wa mjane uliacha nguzo yake imara zaidi nusu imefichika, yaani miaka 23 ya ndoa iliyochaguliwa na wawili wenyewe.

Wakili wa ukoo, Richard Kwach, ndiye aliyemwita Oruka. Kisheria sababu iko wazi. Tangu uamuzi wa Kimani dhidi ya Gikanga wa 1965, mila haikuchukuliwa kuwa inajulikana na mahakama. Yeyote aliyeitegemea alipaswa kuithibitisha kwa ushahidi. Walihitajika basi watu wa kusema mila ni ipi, kuanzia mchimba kaburi hadi profesa. Ushahidi wa upande huo ulisimama juu ya tofauti ambayo Kidholuo huitaja kwa maneno mawili: *ot* ni nyumba, *dala* ni nyumbani. Lang'ata na Matasia, kwa hoja hii, zilikuwa nyumba tu. Kiswahili hakina jozi iliyokamilika kiasi hicho, kwani nyumbani ni nyumba iliyoongezewa kiambishi cha mahali. Maana ya *dala* twaipata zaidi katika neno kwetu, na mkazi wa Nairobi anayeulizwa "Kwenu ni wapi?" hatarajiwi kujibu Lang'ata.

Khaminwa alimhoji Oruka kuhusu miiko na imani ya mizimu. Hapo ndipo uzito wa tukio ulipo. Kwa zaidi ya mwaka mmoja na kumi Oruka alikuwa amefundisha kwamba swali lifaalo kwa mhenga si "mila yenu yasemaje?" bali "wewe waonaje, na kwa nini?" Mahakama haikuwa na nafasi ya swali la pili. Sheria ilitaka mila iwe jambo la hakika, kama mpaka wa shamba, na shahidi afaaye ni yule awezaye kuuonyesha mpaka huo. Kwa hiyo profesa aliyemweka mhenga mfalsafa juu ya hodhi la mila alipewa, kwa utaratibu wa mahakama, kazi ya hodhi. Baadhi ya wahakiki wameona humo usaliti wa nadharia yake. Lawama hiyo ni nyepesi. Kueleza mila si kuiabudu, na aliyesomea kwa Hedenius alilijua hilo. Lakini hatuna budi kukiri pia kwamba kuelezwa kwa mila na profesa wa falsafa kuliipa heshima ya hoja, na heshima hiyo ilimsaidia upande mmoja. Kosa, kama ni kosa, si kwamba alisema uongo juu ya mila. Ni kwamba nadharia yake haikuwa imemwandalia la kusema juu ya ndoa kama mahali pa fikra, ambapo watu wawili huhojiana na kuamua. Mahojiano yake yalimtafuta mhenga mmoja mmoja. Hayakuwahi kumtafuta mume na mke pamoja.

Tarehe 13 Februari 1987 Jaji S. E. O. Bosire aliamua kwa faida ya ukoo. Mei 15 Mahakama ya Rufani iliuthibitisha uamuzi huo, ikishikilia kwamba Mkenya Mwafrika hawezi kujivua uhusiano wake na kabila la baba yake. Otieno alizikwa Nyalgunga tarehe 23 Mei. Wambui hakuhudhuria.

Miaka iliyofuata Oruka aliandika kwa wingi. Mwaka 1990, katika *Trends in Contemporary African Philosophy*, aliongeza mikondo miwili juu ya minne aliyoitaja kabla, mmoja wao ukiwa wa kifasihi. Nyongeza hii inafaa kuangaliwa na wana-fasihi kuliko inavyoangaliwa, kwa sababu inakiri kwamba riwaya na utenzi vyaweza kufikiri pale ambapo hojaji haifiki. Julai 1991 alikuwa mwenyeji wa mkutano wa kimataifa wa falsafa jijini Nairobi. Mwaka 1992 kikatoka kitabu chake cha mazungumzo na Oginga Odinga. Alifariki Desemba 1995, akiwa na umri wa miaka 51, baada ya kugongwa na gari jijini. *Practical Philosophy* kilichapishwa mwaka 1997, mwandishi akiwa hayupo.

Mwaka uliofuata Wambui alitoa tawasifu yake, *Mau Mau's Daughter*. Humo ndoa iliyopimwa na mashahidi wa mila mwaka 1987 inasimuliwa na mmoja wa wawili walioifunga, bila ya wakili wa kumkatiza. Mwaka 2003 aliolewa tena, kwa ndoa ya kiserikali, na kijana aliyemzidi kwa miongo kadhaa, na magazeti yakarudi mlangoni pake. Alifariki Agosti 2011, akazikwa Upper Matasia.