Black Earth Rising

Black Earth Rising ni tamthilia ya televisheni ya Uingereza yenye sehemu 8, iliyotungwa na kuongozwa na Hugo Blick. Ilianza kurushwa BBC Two Septemba 2018, kisha Netflix 2019. Michaela Coel anaigiza Kate Ashby, mpelelezi wa kisheria aliyelelewa Uingereza akiamini kuwa yeye ni yatima wa mauaji ya kimbari ya Rwanda ya 1994. Yeye na wakili Michael Ennis (John Goodman) wanapigania kumfikisha mahakamani Patrice Ganimana, mtuhumiwa wa mauaji hayo. Msako unafukua pia umwagaji damu uliofuata upande wa Kongo, na hapo ndipo ujasiri wa tamthilia hii ulipo. Kumbukumbu za mauaji zimechorwa kwa katuni nyeusi na nyeupe, uamuzi unaowastahi wahanga.