Kirukia, si Kimelea Tu

Desemba ikifika, Waingereza hutundika mlangoni kishada cha majani mabichi chenye vitunda vyeupe, na wawili wakikutana chini yake hubusiana. Wataalamu huuita mmea huo Viscum album. Mzazi wa Tooting, kusini mwa London, akiulizwa na wanawe unaitwaje kwetu, jibu jepesi ni "kimelea". Si kosa, ila ni pana mno: tegu wa tumboni ni kimelea, na kijidudu cha malaria vilevile.

Mimi nachagua kirukia. Mmea huu hauoti ardhini. Huurukia mti na kuishi hukohuko juu, na anayeurusha ni ndege. Mbegu yake imezungukwa na utomvu unaonata kwelikweli. Warumi walikuwa na neno moja, viscum, kwa mmea na kwa ulimbo uliopikwa kutokana na matunda yake. Waliowahi kutega ndege kwa ulimbo utotoni hawahitaji maelezo zaidi. Ndege akila tunda, mbegu humganda mdomoni, naye hujipangusa kwenye gome. Au huitoa pamoja na kinyesi, ikining'inia kwa uzi wa utomvu. Ikishanata tawini huota na kupenyeza haustoria, kiungo kinachofanya kazi ya mzizi, hadi kwenye mishipa ya maji ya mti.

Kinachoibwa hasa ni maji na chumvichumvi. Sukari kirukia hujitengenezea kwa majani yake ya kijani, ndiyo maana wanabotania hukiweka katika kundi la nusu-vimelea. Humo kimo pia kiduha, adui wa mahindi kule Nyanza, ila hicho hushambulia mizizi. Afrika Mashariki tuna virukia vyetu vya matawini: Plicosepalus curviflorus humea juu ya migunga, na maua yake huchavushwa na chozi.

Mtego mkubwa wa mfasiri uko kwenye mti mwenyeji. Nchini Uingereza kirukia hupenda mtofaa, mpopla na mti ambao Waingereza huuita lime. Usiandike mndimu! Huo ni mtilia, wala hauna undugu na ndimu. Mwaka 2016 mitilia michanga ilipandwa Tooting Common kwenye Chestnut Avenue, mahali pa michesnati iliyokatwa. Anayetaka kuona virukia vingi juu ya mitilia mikubwa aende Bushy Park, magharibi zaidi, wakati wa baridi, majani yakiwa yamepukutika.

Vitabu vya misitu huiweka miti hiyo yote katika kundi ambalo tafsiri ya harakaharaka huliita "miti ya mbao ngumu". Lakini mbao ya mtilia ni laini, na wachongaji wa Ulaya huipenda kwa sababu hiyohiyo. Heri kuandika miti ya majani mapana.