Barzakhi ya Walio Hai: Filamu ya Mantas Kvedaravičius
Neno barzakhi halihitaji tafsiri kwa msomaji wa Kiswahili: ni kingojeo baina ya mauti na kiyama. Mwaka 2011 Mantas Kvedaravičius, mwanaanthropolojia wa Lithuania, aliliteua liwe anwani ya filamu yake kuhusu watu waliotoweka Chechnya. Uteuzi huo una uzito wa kihistoria. Aliyetoweka hazikwi wala hapokewi. Kwa hiyo wakaao barzakhini ni jamaa zake walio hai, na kwao vita havikukoma silaha ziliponyamaza. Mwaka 2022 Kvedaravičius mwenyewe aliuawa Mariupol, alikokwenda kurekodi mji uliozingirwa. Maiti yake ilirudishwa kwao. Wengi aliowatafutia kumbukumbu hawajapata hata hilo. Nasi hatuna budi kuisoma filamu yake kama matanga yaliyoahirishwa.