Chikki: karanga na sukari, namna ya kuitengeneza nyumbani

Chikki ni kitu kitamu cha Uhindi. Ni karanga zilizokaangwa na kushikanishwa na sukari iliyoyeyushwa, kisha zinaachwa mpaka zinakauka na kulia kwenye meno. Kwenye pwani ya Kenya na Tanzania kuko kitu kinachofanana nayo, wanaita kashata.

Huko Uhindi, muji wa Lonavala, kwenye reli ya Mumbai na Pune, unajulikana sana juu ya chikki, maana wasafiri wa treni wanainunua kupeleka nyumbani. Kamina pia ni muji wa reli: hapa njia inagawanyika, moja inaenda Kananga na Ilebo, ingine Kabalo na Kalemie. Kitu kisichooza upesi njiani kinafaa msafiri, na vyote vya kuitengeneza vinapatikana sokoni.

Vinavyohitajika

- Karanga mbichi zilizobanduliwa: nusu kilo
- Sukari: gramu 400
- Maji: nusu kikombe
- Maji ya ndimu: kijiko kidogo kimoja
- Chumvi kidogo, na mafuta ya kupaka

Wahindi wengi wanatumia sukari guru, ile ya miwa isiyosafishwa. Sukari nyeupe pia inafaa.

Kwanza, chambua karanga

Kazi hii ndiyo ya maana kupita zote. Toa karanga zote zenye ukungu, zilizokunjana, zilizobadilika rangi ao zenye uchungu. Ukungu fulani unatoa sumu inayoitwa aflatoksini, inayoharibu maini na inaweza kuleta kansa. Moto wa kukaanga hauimalizi, na sukari inaficha ule uchungu tu. Katika mwaka 2004, huko Kenya, watu 317 waliugua juu ya mahindi yenye sumu hii, na 125 kati yao walikufa. Karanga mbaya usiwape kuku wala nguruwe, zitupe. Na zile nzuri, zianike vizuri na kuziweka mahali pakavu, juu ya ukungu unapenda unyevu.

Kupika

1. Kaanga karanga kwa moto mdogo, ukikoroga bila kuacha, dakika 10 mpaka 15. Zikipoa, sugua maganda yatoke, kisha zivunje nusu-nusu.
2. Paka mafuta kwenye sinia, kisu na chupa. Fanya hivi mbele ya kuyeyusha sukari, maana kisha hautapata wakati.
3. Tia sukari, maji na ndimu katika sufuria, juu ya mbabula yenye makala kidogo. Ikianza kuchemka, usikoroge tena, isije ikarudia kuwa chembe-chembe. Ndimu inasaidia kuzuia jambo hilo.
4. Rangi ikifika ya asali, dondosha tone moja katika kikombe cha maji baridi. Likivutika kama mpira, ngoja bado. Likivunjika kama kioo, iko tayari. Ikiwa nyeusi, itakuwa chungu.
5. Ondoa kwenye moto. Tia chumvi na karanga, koroga mbio, mwanga kwenye sinia, lainisha kwa chupa.
6. Kata vipande ingali moto. Ikipoa kabisa, itavunjika ovyo.

Hatari ya sukari ya moto

Sukari iliyoyeyuka inapita moto wa maji yanayochemka, na inashikamana na ngozi. Watoto wasikaribie mbabula, na mtu asionje kwa kidole. Ikimwangukia mtu, mwangie maji baridi yanayotiririka kwa dakika 20. Usipake mafuta wala dawa ya meno. Kidonda kikiwa kikubwa, ao ni mtoto, mupelekeni kwenye kituo cha afya. Tena, watoto wadogo kupunguka miaka 5 wasipewe karanga nzima-nzima, juu zinaweza kuziba njia ya pumzi.

Kuweka na kuuza

Sukari inavuta unyevu wa hewa. Wakati wa mvua, chikki iliyoachwa wazi inalainika na kunata. Iweke katika chombo kikavu chenye kifuniko kinachofunga vizuri.

Kwa mwenye kutaka kuuza, hesabu bei ya karanga zilizotupwa, sukari, makala na mifuko, mbele ya kupanga bei ya kipande. Muzaji anayeacha karanga mbovu ndani ili apate uzito, anauza ugonjwa.