Nanga ya Kagera, Ngome ya Uhehe: M. M. Mulokozi na Wasomaji Wake Watoto

Utangulizi

Katika semina moja ya fasihi ya watoto hapa Mlimani, mwenzetu mmoja alisimama akauliza: Mulokozi ni mtu wa Kagera, sasa alipotaka kuwaandikia watoto alikwenda Uhehe kutafuta nini? Kwani kwao hakuna mashujaa? Watu walicheka. Mimi nilinyamaza. Ni mtoto wa Muleba, na swali hilo nimekuwa nalo tangu shule ya msingi, tena si kama swali bali kama kinyongo.

Makala haya yanakusudia kulijibu kwa njia ya historia. Hoja yangu ni kwamba Mulokozi hakuiacha sanaa ya kwao alipokwenda kwa Mkwawa. Aliibeba. Hata hivyo, lipo jambo lililobaki nyuma, na hilo ndilo linalotudai sisi tunaosoma fasihi leo. Nitalifikia.

Maisha na kazi kwa ufupi

Mugyabuso M. Mulokozi alizaliwa Kagera mwaka 1950, wakati mkoa huo ukiwa bado Jimbo la Ziwa chini ya Waingereza. Wengi wetu tulimfahamu kwanza kama mshairi. Yeye na Kulikoyela Kahigi walitoa Mashairi ya Kisasa mwaka 1973, kisha Malenga wa Bara mwaka 1976. Hilo neno "Bara" si pambo. Ilikuwa miaka ya mgogoro mkali wa ushairi: Je, shairi lisilo na vina na mizani ni shairi? Euphrase Kezilahabi alikuwa ametoa Kichomi mwaka 1974, na washairi wa jadi walikuwa wamekasirika kwelikweli. Vijana hawa wawili wa bara walikuwa wanasema, kwa kichwa cha kitabu tu, kwamba nao wana mapokeo yao na hawaji mikono mitupu.

Mwaka 1979 ikafuata tamthiliya, Mukwava wa Uhehe. Mwaka 1986 alipata shahada ya uzamivu hapa hapa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kwa utafiti juu ya tendi za nanga za Wahaya. Mwaka 1989 akachapisha katika jarida la Mulika makala "Tanzu za Fasihi Simulizi", ambayo hakuna mwanafunzi wa Kiswahili asiyeijua, hata kama ni kwa kunakili daftari la mwenzake. Halafu vikaja vitabu vya vijana na watoto: Ngome ya Mianzi (1990), Ngoma ya Mianzi (1991) na Moto wa Mianzi (1996). Kati ya hayo yote alikuwa mtafiti, na baadaye mkurugenzi, katika Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili, TUKI, ambayo tangu 2009 imo ndani ya TATAKI.

Ndugu msomaji, angalia mpangilio huo. Wahakiki wetu huzigawa kazi hizi mafungu: mashairi huku, nadharia kule, vitabu vya watoto pembeni kabisa, eti vyepesi. Lakini ukizipanga kwa miaka unaona kwamba utafiti wa nanga umekaa katikati. Kabla yake kuna tamthiliya ya Mkwawa, baada yake kuna hadithi za watoto. Aliyeandika Ngome ya Mianzi ni mtu aliyekuwa ametumia miaka mingi akiwasikiliza wazee wa Bukoba na Muleba wakipiga nanga.

Nanga ni jukwaa

Kwa wasiotoka kwetu, nanga ni ala ya ubao uliochongwa kama mtumbwi mdogo, na juu yake hupitishwa uzi mmoja, huku na huku, mpaka zinapatikana nyuzi kadhaa. Mpigaji huikalisha mapajani, huzikwanyua nyuzi kwa vidole na kughani. Anachoghani chaweza kuwa kisa kirefu cha mfalme, cha shujaa aliyekaidi, au cha Mugasha, mungu wa ziwa. Mwaka 1950 Hugh Tracey, yule mrekodi wa muziki wa Afrika, alizinasa sauti za Wahaya kwenye mashine yake. Manju kama Habibu Selemani jina lake lilivuka mipaka ya kijiji chake.

Wataalamu wa Ulaya walikuwa na shaka na mambo haya. Ruth Finnegan, katika kitabu chake cha 1970 juu ya fasihi simulizi ya Afrika, aliona kwamba utendi, kwa maana wanayoijua wao ya Homer, ni nadra mno huku kwetu. Isidore Okpewho wa Nijeria alimjibu mwaka 1979. Mulokozi naye aliingia uwanjani mwaka 1983 kwa makala ya Kiingereza iliyouliza waziwazi kama manju wa nanga wa Tanzania ni wasanii wa utendi. Jibu lake lilikuwa ndiyo.

Mimi naomba nitazame upande mwingine wa jambo hilo hilo, yaani upande wa sanaa za maonyesho. Manju wa nanga ni mwigizaji, mpiga ala na mwongozaji kwa wakati mmoja. Anakuwa mfalme, anakuwa mjumbe, anakuwa mwanamke anayelia. Anaamua lini nyuzi zipande na lini zinyamaze. Hadhira nayo haikai kimya kama wanafunzi kwenye mhadhara wa saa nane mchana. Katika ngano za Kihaya, kwa mfano, msimulizi na wasikilizaji hujibizana kabla kisa hakijaanza: msimulizi anaambiwa aone, ili nao wapate kuona. Peter Seitel alilipa jibu hilo heshima ya kuwa jina la kitabu chake juu ya ngano hizo mwaka 1980.

Sasa rudi kwenye makala ya 1989. Mulokozi anatufundisha kwamba fasihi simulizi ni tukio: pana fanani, pana hadhira, pana fani inayotendwa, mahali na wakati. Tanzu zenyewe anazigawa kwa kuangalia umbile la kazi, na pia muktadha na namna inavyowasilishwa. Sisi tunayakariri haya kwa ajili ya mtihani. Mimi nayasoma kama maelezo ya usiku mmoja wa nanga. Nadharia hii ilizaliwa na mtu aliyeketi mbele ya manju, siyo mtu aliyeketi mbele ya vitabu peke yake.

Hapo ndipo anapokutana na watu wa tamthiliya wa zama zake. Miaka hiyo hiyo Amandina Lihamba, Penina Muhando na Ndyanao Balisidya walikuwa wanatafuta jukwaa lenye asili yetu: Harakati za Ukombozi ikatoka 1982, Lina Ubani ya Muhando 1984. Wao waliingiza ngoma na utambaji jukwaani. Mulokozi alipita mlango mwingine, akauingiza utendi ndani ya tamthiliya, kisha ndani ya kitabu cha mtoto.

Kwa nini Uhehe?

Tulijibu sasa lile swali la semina. Naona sababu mbili.

Ya kwanza ni historia yenyewe. Emin Pasha alijenga kituo cha Wajerumani Bukoba mwaka 1890. Tawala zetu zilikuwa nyingi, Kiziba, Kianja, Ihangiro na nyinginezo, na zilikuwa zikigombana. Wajerumani walizitumia tofauti hizo, na wapo wakuu walionufaika. Kahigi wa Kianja alishirikiana nao na eneo lake likapanuka. Ni historia nzito, ila ni vigumu kumpa mtoto wa darasa la tano kama hadithi ya ujasiri. Uhehe ni kinyume chake. Tarehe 17 Agosti 1891, pale Lugalo, majeshi ya Mkwawa yalikisambaratisha kikosi cha Wajerumani na kumwua kamanda wao, Emil von Zelewski. Ngome ya Kalenga ilianguka Oktoba 1894, lakini Mkwawa alipigana msituni hadi Julai 1898, akajiua ili asikamatwe. Fuvu lake lilitajwa hata katika Mkataba wa Versailles wa 1919, na likarudi nyumbani 1954. Mwandishi aliyekuwa anatafuta utendi wa taifa zima, hapo angepita vipi?

Ya pili ni wakati. Mukwava wa Uhehe ilichapishwa 1979. Mwishoni mwa 1978 majeshi ya Idi Amin yalikuwa yamevuka na kuikalia ardhi yetu kaskazini ya mto Kagera, na daraja la Kyaka likavunjwa. Sisemi kwamba tamthiliya iliandikwa kwa sababu ya vita hivyo; nasema tu kwamba msomaji wa Bukoba aliyeishika mwaka ule hakuhitaji kuambiwa uvamizi ni nini. Uhehe ya 1894 na Kagera ya 1979 zilikuwa karibu kuliko ramani inavyoonyesha.

Kwa hiyo mahali ni pa Wahehe, ila umbo nalisoma kuwa la nanga: mtu mmoja mbele ya nguvu inayomzidi, ukaidi wake ndio utukufu wake na ndio kifo chake. Namna hiyo ya kumtazama shujaa Mulokozi aliijua kutoka kwetu.

Kilichobaki nyuma

Bwana, hapa nisijifanye kwamba kinyongo kimekwisha chote. Nanga ilitegemea kikale, yaani ikulu ya mkama, na uchifu ulifutwa 1963. Manju walibaki na harusi na vilabu vya rubisi. Utafiti wa 1986 uliziokoa tendi nyingi, lakini uliandikwa kwa Kiingereza, na uko kwenye rafu ambayo mtoto wa Muleba haifikii. Mjukuu wa manju hawezi kumsoma babu yake mpaka ajue lugha ya wageni na apate kitambulisho cha maktaba. Simlaumu mtafiti, kwani ndio ulikuwa utaratibu wa vyuo. Ila deni ni deni, na sasa liko kwetu sisi tunaoandika tasnifu na tunaofundisha maigizo ya watoto. Mwenye nafasi achukue utendi mmoja wa nanga, auweke katika Kiswahili cha mtoto, na aupeleke jukwaani na nanga yenyewe ikipigwa.

Hitimisho

Nimalizie na jambo nililoliona kwa macho yangu. Shuleni kwetu nakala ya Ngome ya Mianzi ilikuwa moja, tena haina jalada. Mwalimu alikuwa akitusomea Ijumaa mchana, na tukitoka tunakwenda kuicheza. Kwetu mianzi haikuwa karibu, kwa hiyo ngome tuliijenga kwa magogo ya migomba, na Wadachi walitokea upande wa kahawa. Mzee mmoja jirani, ambaye ujanani alipiga nanga, alikuwa anakaa kibarazani akitutazama. Siku moja alituita, akatuuliza huyo Mkwawa ni nani, mtoto wa nani. Tulimweleza, kila mmoja akimkatiza mwenzake. Alituacha tumalize, halafu akasema tulikuwa tumekosea: shujaa hauawi kwanza, lazima kwanza ajisifu. Akasimama, akatuonyesha.

Tangu siku ile Mkwawa wetu alijigamba kwa Kihaya kabla ya kufa. Mulokozi hakuliandika hilo, ila nadhani angelitambua.