Kiti cha Jimbo la Mashariki

Septemba 1958 Julius Nyerere aligombea kiti cha Jimbo la Mashariki katika Baraza la Kutunga Sheria la Tanganyika, na aliyesimama dhidi yake ni Chifu Patrick Kunambi wa Waluguru. Nyerere alishinda kwa tofauti kubwa. Mara nyingi uchaguzi huo hutajwa kwa sentensi moja, kana kwamba jina la mshindi lilitosha. Naona ulikuwa pia hukumu juu ya uchifu, na sababu zake ziko kwenye milima ya Waluguru. Huko Uluguru ardhi ilikuwa mali ya ukoo, nao ukoo ulihesabiwa upande wa mama. Aliyegawa shamba ni mkuu wa ukoo. Usultani, yaani uchifu huo, ambao Waingereza waliusimika juu ya koo hizo haukuwa na shamba la kugawa, ila ulikuwa na amri za kutekeleza. Amri iliyouponza zaidi ni ya Mpango wa Matumizi ya Ardhi wa miaka ya 1950, uliolazimisha wakulima kukata matuta ya ngazi ili kuzuia mmomonyoko. Kwenye miteremko ile udongo wenye rutuba ni mwembamba. Tuta lilipokatwa, udongo wa juu ulifukiwa, wa chini usio na nguvu ukabaki kupandwa mahindi, na aliyeshika jembe mara nyingi alikuwa mwanamke. Mwaka 1955 ghasia zilizuka milimani humo, Matombo ikiwamo, na mpango ukaachwa.

Kuna pingamizi lenye uzito: wakulima hao wengi hawakupiga kura. Sheria ilidai elimu, kipato au cheo, na kila mpiga kura alitakiwa kuchagua Mwafrika, Mzungu na Mwasia kwa pamoja, sharti lililoitwa kura tatu na ambalo TANU, chama cha Nyerere, ililikubali kwa taabu kwenye mkutano wa Tabora, Januari ya mwaka huo huo wa 1958. Kweli, kwa hiyo masanduku hayakupima hasira za mlimani moja kwa moja. Lakini mwalimu, karani na mganga wa zahanati walikuwa na mama zao kwenye matuta hayo. Pingamizi la pili ni kwamba jimbo lilivuka Uluguru kwa mbali, likafika hadi pwani ya Rufiji, ambako chifu wa Waluguru hakuwa na la kumwambia mtu. Hili nalikubali kabisa, na ndilo linaloniunga mkono: chifu aliletwa kwenye uwanja ambao cheo chake hakikuwa na uzito, akikabiliana na chama chenye matawi wilaya hadi wilaya na kiongozi aliyetoka kutozwa faini mahakamani Agosti kwa kesi ya kashfa dhidi ya maofisa wa serikali, faini ambayo, nadhani, ilimpigia kampeni kuliko mkutano wowote. Si kwamba Kunambi alikuwa mtu dhaifu. Alikuwa msomi mwenye heshima zake. Kilichoshindwa ni cheo. Mwaka 1963 sheria ikafuta uchifu nchini, na huko Uluguru wakuu wa koo wakaendelea kugawa mashamba.